Mtani Wangu Mwangukaji

Mwaka wa upepo mkubwa, ule uliong'oa minazi ya Bagamoyo kama mtu anayeng'oa mchicha, nyumba ya bibi yangu ilikwenda yote. Makuti yalikwenda, fito zilikwenda, udongo wa kuta ukayeyuka kwa mvua. Ukabaki mlango tu, na miimo yake, na komeo lake, umesimama peke yake kiwanjani. Bibi alikuwa amejikunyata uvunguni mwa kitanda. Kulipokucha akatoka, akakung'uta kaniki yake, akauendea mlango, akavuta komeo, akatoka nje, akaufunga nyuma yake. Kulia hakuna kitu na kushoto hakuna kitu, angeweza kupita popote. Majirani walikuwa wamekaa juu ya vifusi vyao, wengine wamefiwa. Mmoja akaanza kucheka, akafuata wa pili, mwisho wakawa wanacheka wote huku machozi yanawatoka, na hujui yapi ni ya kicheko na yapi ya msiba. Bibi akawauliza wanacheka nini, nyumba si ina mlango wake?

Hakuwa anafanya mzaha, hilo mlijue. Mpaka nyumba iliposimama tena aliingia na kutoka kwa mlango ule, na mgeni aliyepita pembeni alifokewa.

Sasa, si bibi niliyetaka kumwandika. Mjukuu wangu akisoma ninayoyaandika huniambia, babu unarukaruka. Mimi kalamu nimeishika ukubwani, na mkono uliozoea kupiga ngozi hauwezi kwenda taratibu. Upepo ule ule ulituletea ngoma uani kwetu. Ngoma nzuri, ya mkwaju, imepasuka kidogo mdomoni. Tulitangaza, hakuja mwenyewe, labda alikufa. Nikaichukua mimi. Nikaipiga mpaka nikawa mtu mzima wa kuitwa kwenye arusi na matanga, na ngoma hiyo ndiyo iliyonifikisha kwa Mwangukaji, ambaye ndiye niliyemkusudia tangu mwanzo.

Jina lake alikuwa nalo, lakini nani alilitumia? Tulimwita Mwangukaji kwa sababu kazi yake ilikuwa kuanguka. Alikuja na msafara wa pembe kutoka bara, msafara ukarudi, yeye akabaki. Kwa nini alibaki hakusema, nami sikumwuliza. Nilimkuta tayari ana mke, ana kijana mkubwa, na ana kazi hiyo.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Pale penye kambi za wapagazi, jioni jua likipoa, watu walikaa duara. Mmanyema yupo, Mgogo yupo, Mbulushi yupo, Mhindi kasimama mlangoni pa duka lake anajifanya hatazami. Hawa hawasikilizani hata kwa salamu. Mwangukaji aliingia katikati amebeba mzigo kichwani, mzigo wa makapi uliofungwa kama pembe, na hakusema neno mpaka mwisho. Atauweka mzigo chini, ageuke kujikuna, mzigo umpige kisigino. Atauinua, aukosee, ajiinue mwenyewe. Atakuta jani la mgomba njiani, alizunguke kwa heshima zote, alisalimu, kisha aanguke penye mchanga mtupu. Nilipomhadithia habari za mlango wa bibi yangu hakucheka. Kesho yake akaenda kwa mwanawe aliyekuwa seremala, akaja na miimo ya mlango begani, na kwa mwaka mzima watu walikuwa wakimtazama akibisha hodi pasipo na nyumba, akijifungulia, akijikaribisha, akigombana na mwenyewe kizingitini mpaka mlango unamwangukia, naye amesimama palepale penye uwazi, hakuguswa hata unywele.

Nilimwuliza kwa nini hasemi. Akanijibu kwamba neno lina kabila lake na kuanguka hakuna.

Mimi kazi yangu ilikuwa kumpigia. Mtadhani ni kazi nyepesi. Siku ya kwanza alianguka, nami nikapiga palepale anapogusa chini, du! Alinikemea mbele za watu wazima. "Mzaramo," akasema, "nikifika chini, nyamaza. Waache kwanza wadhani nimekufa. Ukiona mmoja ameshika mdomo, ndipo upige." Basi nikajifunza kuinua mkono nikauacha juu, hewani, nikitazama midomo ya watu. Hapo katikati, anapokuwa amelala na mkono wangu uko juu, ndipo kazi yote ilipo. Ukiwahi umeiua, ukichelewa umeiua vilevile.

Majuzi mjukuu alinipeleka Dar es Salaam kuona sinema. Wametundika shuka jeupe, taa zikazimwa, mara mzungu mwembamba kabeba ngazi begani. Akigeuka huku ngazi inampiga mtu kule, akigeuka kule inampiga huku. Hasemi. Hakuna anayesema. Akaingia kwenye pipa la chokaa, watu wakacheka mpaka wakapigana mabega. Pembeni alikaa Mgoa mmoja anapiga kinanda, na kila mtu akianguka yeye kinanda chake kimeshatangulia. Nilikereka nikataka kumwendea. Mjukuu ananiuliza, babu, hupendi? Nikamwambia mpiga kinanda hajafundishwa. Lakini si hilo tu. Yule wa kwenye shuka kesho ataanguka vilevile, na keshokutwa vilevile, hachakai wala hana mwana. Niliyemjua mimi alikuwa naye.

Na sasa niseme alivyokuwa nje ya kazi, maana hapo ndipo watu walipochanganyikiwa. Nje ya kazi alikuwa mtu mkavu kuliko wote. Hakujikwaa kamwe. Angeweza kuchukua mtungi wa maji umejaa mpaka juu, kutoka kisimani hadi kwake, na tone lisidondoke. Kanzu yake alikuwa nayo moja nyeupe, ameitunza kuliko mke. Akikaa anatandika kwanza jani. Ukimpiga bega kwa mapenzi anapafuta. Mbwa aliwaogopa, na mpagazi mmoja aliyemrushia ganda la ndizi njiani ili amwone akianguka, alilikanyaga mwenyewe siku ya pili yake, sijui kwa mkono wa nani, na Mwangukaji akapita akamtazama kama mtu anayetazama kazi mbovu. Alisema mtu anayeanguka kwa miguu ni mlevi tu, fundi huanguka kwa tumbo, tumbo likishalegea viungo vingine vinafuata vyenyewe. Mgongo wake ulikuwa na makovu yasiyohesabika. Mkewe alimkanda kwa mafuta ya nyonyo na kumsema.

Kijana wake alimwonea haya. Hili nalisema kwa sababu lilikuwa wazi kwa kila mtu. Alikuwa seremala mzuri, amejenga upande wa Makurunge, na akiisikia ngoma yangu alipita njia nyingine. Hata hivyo miimo ile ya mlango alimtengenezea baba yake mwenyewe, akaipiga randa safi, akailainisha pembe zote ili isimkwaruze ikimwangukia. Hapo nawaachia ninyi mfikiri.

Mimi naye tulikuwa watani. Sisi Wazaramo na wale Wanyamwezi, kabila lake, ni watani tangu njia za misafara. Mtani wako atakutukana mbele ya mkweo, atakuvua kofia kichwani akaivaa, atamkamata kuku wako akamla, na wewe huna ruhusa ya kukasirika. Ukikasirika, wewe ndiye mwenye makosa. Ila na wewe unamfanyia hivyo hivyo. Tena siku ukifiwa, yeye ndiye anayeshika jembe. Na kabla maiti haijashushwa, mtani huingia kaburini, akalala chali, akasema hazikwi mtu hapa mpaka apewe kitu. Atapewa kuku, atapewa kitambaa, hata jembe bovu. Ila akishapewa, chochote kile, ni lazima ainuke. Akikataa kuinuka huo si utani tena, ni ugomvi. Mwangukaji alilala katika makaburi mengi ya kwetu, na wafiwa walimshukuru, kwa maana aliiga mwendo wa marehemu vizuri hata mjane akacheka kabla hajamaliza kulia.

Kila asubuhi tukikutana aliniambia, "Mzaramo, hujafa tu?" Nami namjibu, "Nakungoja wewe, nile kuku wa matanga yako." Ndiyo shikamoo yetu hiyo. Miaka yote hatukuwahi kuulizana hali kwa adabu.

Halafu wakaja Wadachi, ndio Wajerumani. Mji ukapigwa mizinga, watu wakakimbilia porini na wapiganaji wakapiga kambi huko huko, kisha tukaanza kurudi mmojammoja, tukakuta boma lina bendera na askari. Ofisa mmoja alikuwa ndiye mwenye amri ya mji. Mrefu, viatu hadi magotini, upanga ubavuni, kofia ngumu nyeupe. Tulimwogopa hata kivuli chake tulikikwepa.

Siku moja sokoni Mwangukaji akachukua upongoo, uti wa kuti la mnazi, akauchomeka kiunoni kuwa upanga, akajifunika kichwa kwa kibuyu. Akaanza kukagua mafungu ya mihogo kama anakagua askari. Upongoo ukampita katikati ya miguu. Akautoa, ukarudi. Akaliamuru fungu la mihogo lisimame wima, halikusimama. Akalipiga kofi, akaumia mkono, akalipa heshima. Watu wamekauka, hakuna aliyethubutu kucheka, kwa sababu ofisa mwenyewe alikuwa amesimama nyuma yake na mkalimani wake. Mimi mkono uko juu ya ngoma, nimeganda. Mwangukaji akageuka, akamwona, akaanguka chini kama gogo.

Ofisa akacheka. Alicheka mpaka akamshika mkalimani asianguke naye.

Ndipo lilipoanzia kosa, na si lake peke yake, mji mzima ulikosea naye. Kwetu, mtu ukimfanyia mzaha wa namna ile na asikasirike, akacheka, ameupokea utani. Hakuna jina jingine la jambo hilo. Mwangukaji hakuridhika kwa kubahatisha, alitaka kuhakikisha. Siku ya pili akamvizia penye ngazi za boma, akamvua kofia nyeupe kichwani, akaivaa yeye. Tulifumba macho. Ofisa akacheka tena, akaipokonya kofia yake, na Mwangukaji alipogeuka kuondoka akamtega mguu, akampiga mwereka.

Akaja kwangu anajipangusa mchanga, na ndiyo mara pekee nilipoyaona meno yake. "Umeona?" akasema. "Amenijibu."

Tangu siku hiyo akawa anaitwa bomani. Ataanguka mbele ya maofisa wanaokula, nami nampigia, nao wanamtega, wanamrushia mifupa, naye anawaibia vijiko. Baadhi ya watu mjini walisema amekuwa nyani wa Wadachi. Wengine walikuja kwake kimya wakamwomba, wewe una mtani ndani, tusemee. Naye aliwaambia hapana, utani hauchezewi, utauhitaji siku ya siku.

Siku ya siku ikafika. Kijana wake alikamatwa njia ya Makurunge, wakasema wamemkuta na baruti chini ya mihogo, anaipeleka kwa wapiganaji wa porini. Kama ilikuwa yake au alibebeshwa sijui mpaka leo. Alihukumiwa kunyongwa. Mkewe Mwangukaji alijigaragaza uani. Yeye alimwambia anyamaze, asiwatie watu hofu bure, ana mtani wake bomani na ataenda kumchukua mtoto.

Asubuhi ile alivaa kanzu. Aliniambia niache ngoma nyumbani, kwa sababu leo si kazi. Tukafuatana. Uwanja umejaa, askari wamepanga mstari, mti wa kunyongea umesimama, na kijana yuko juu ya kasha, mikono nyuma, kamba tayari shingoni. Mwangukaji akaenda moja kwa moja hadi kwa ofisa, akasimama wima. Sikuwahi kumwona mtu aliyesimama wima kuliko pale.

Mkalimani akasema bwana mkubwa anauliza leo utamchezea nini.

"Mwambie sichezi. Mwambie nimekuja kumchukua mtu wangu. Yeye anajua kwa nini."

Likatafsiriwa. Ofisa akatabasamu, akawaambia wenzake kitu, wakaanza kucheka mapema, kama watu wanaoujua mwanzo wa hadithi. Mwangukaji akarudia. Alisema maneno mengi kuliko niliyomsikia akisema kwa miaka yote: kwamba alichukua kofia na ofisa hakukasirika, kwamba ofisa alimtega mguu na yeye hakukasirika, kwamba haki ya mtani haikataliwi. Mkalimani alikuwa mtu wa mbali, sijui alifikisha nini. Kila alipozidi kusema ndivyo walivyozidi kucheka, kwa sababu uso ule ule walikuwa wameuzoea.

Akafanya lililobaki. Akaenda chini ya mti, akalala chali mchangani, na kanzu yake. Akasema kwa sauti, kwa Kiswahili, wote tukasikia, kwamba hazikwi mtu hapa mpaka apewe.

Sisi tulielewa. Wazee wote waliokuwa pale walielewa, kuna aliyejifunika uso. Lakini wapo pia waliocheka, watu wetu wenyewe, sitaki kuwataja na wengi wameshakufa. Walicheka kwa sababu ni Mwangukaji, na amelala chini.

Ofisa akaja taratibu. Akamtazama. Akavua kofia yake nyeupe, akainama, akaiweka juu ya kifua chake, kama zawadi, akapiga makofi.

Sasa ninyi mnaosoma, mnaijua sheria nimeshawaambia. Amepewa. Aliyempa hakujua amempa nini, ila amepewa. Mwangukaji hakuinuka. Akaishika ile kofia kwa mikono miwili, macho yake yako juu kwa mwanawe.

Kijana akamtazama chini. Akasema, si kwa sauti kubwa, "Baba, inuka. Kanzu inachafuka."

Akainuka. Akajipangusa mbele, akajipangusa nyuma, akaiweka kofia chini, akasogea kando. Wakafanya waliyoyafanya. Hakuna aliyetangulia kushika mdomo, na mkono wangu haukuwa na ngoma, lakini nilijikuta nimeuinua.

Kijana tulimzika sisi watani. Hakuna aliyelala kaburini, hakuna aliyethubutu. Ofisa alituma mtu siku chache baadaye kumwita Mwangukaji bomani kuna wageni. Akakuta nyumba tupu. Miimo ya mlango ilikuwa imesimamishwa uani, imefungwa komeo. Mkewe alikuwa amekwenda kwa ndugu zake Msata, na yeye hakujulikana alikokwenda.

Nilimwona tena mara moja. Niliitwa Mkange kwenye kuondoa matanga ya mzee mmoja wa kwetu aliyehamia huko, mzee aliyekuwa na nyonga mbovu, akitembea kama anayevuka matope. Nikamkuta Mwangukaji amekaa kwenye jani lake, amekonda, kumbe anafanya kibarua cha kuwinga ndege, kuwafukuza mashambani. Nikafurahi, nikamwambia yale yetu, "Nakungoja wewe tu, nile kuku."

Akanitazama. "Hujambo, bwana?" akasema. "Watu wa nyumbani hawajambo?"

Mtani wako akikujulia hali kwa adabu namna ile, ujue amekufungia mlango. Nikamjibu hawajambo. Nikataka kumtaja mwanawe. Akanitangulia yeye, akasema, "Wale walinipa kofia, na mimi niliinuka." Nikamwambia hakuwa na la kufanya. Akasema, "Kati yangu na aliyenipa, sheria nilikuwa naijua peke yangu."

Wenye matanga walikuwa wameshamtambua, wakamsihi. Mjane mwenyewe alikuja akamwomba amwonyeshe mumewe mara moja tu, hana mwingine wa kumwonyesha. Akasimama. Nikavuta ngoma.

Akaanza kutembea, na ni yule mzee. Nyonga ile ile, mkono ule ule nyuma ya mgongo, hata kukohoa kwa bega. Mjane akapiga magoti akisema ndiye huyo, ndiye huyo, anacheka na analia. Watu wakashikana. Mwisho wa uwanja palikuwa na kisiki cha mwembe uliokatwa, katikati ya njia, na kila mtu alikwisha kukiona, kila mtu alijua kinangoja nini. Mimi nikainua mkono.

Akakifikia. Akasimama. Nyonga ikanyooka, mkono ukatoka mgongoni, yule mzee akaondoka mwilini mwake akabaki mwenyewe. Akainua mguu, akakivuka kisiki kama mtu yeyote anavyovuka kisiki, akashika njia ya mtoni.

Tukangoja. Wengine walianza kucheka, maana walimjua, huchelewesha makusudi. Mjane alikuwa ameshika mdomo. Mwangukaji alipita mihogo, akapita mahindi, hakugeuka, na mimi mkono wangu uko juu.